Gunborg Burvall na Ndiyo ya Kwao Tväråmyr

Miaka hamsini na mmoja si mchezo. Kuna ndoa zisizofika huko, kuna madaraja yasiyofika huko, na kuna taa nyingi nilizozizika mimi mwenyewe ambazo hazikufika hata robo ya safari hiyo. Tarehe thelathini Aprili, siku ambayo nchi nzima huwasha mioto ya kuifukuza baridi, Gunborg Burvall, mwigizaji wa studio yetu ya Alkärr tangu enzi za kamera zilizobebwa na wanaume wanne, anastaafu. Uongozi uliwaomba kwanza watu wa ofisini waandike wasifu wake katika jarida hili. Wakaandika ukurasa uliojaa tarehe, ukakosa mtu ndani. Ndipo wakaja kwangu mimi, Torgny Ask, mkuu wa taa. Walichelewa, lakini walifika.

Shule sikuimaliza, na sioni kwamba shule ilipungukiwa. Ila nimemmulika Gunborg kwa miaka thelathini na minane, na mtu unayemmulika hana pa kujificha. Miaka ya kabla ya hapo alimulikwa na mjomba wangu Evert, ambaye hakuwahi kusema uongo isipokuwa kwenye habari za samaki. Kwa hiyo baina yangu na mjomba hakuna kilichotupita.

Gunborg alizaliwa Tväråmyr, kaskazini kule ambako ramani huanza kuishiwa wino. Baba yake alikuwa mkata magogo, mama yake mtengeneza jibini, na ana dada mmoja mkubwa, Hildur, ambaye yu hai na hajaishiwa maneno. Gunborg alikuja Alkärr msichana wa miaka ishirini na moja, ameajiriwa kwa siku chache kubeba madumu ya maziwa katika filamu ya *Maharusi wa Kinu*. Walihitajika wasichana wa kupita tu nyuma ya waigizaji wakubwa. Wenzake walipewa madumu matupu, wakayabeba kama mikoba ya kwenda sokoni. Gunborg akaomba lake lijazwe.

"La nini?" mjomba Evert akamuuliza. "Maziwa hayaonekani ndani ya dumu."

"Dumu tupu husema uongo begani," akajibu.

Mwongozaji alimwona akipita na dumu lile, bega moja limeshuka, shingo imenyooka, akasahau aliyekuwa anapigwa picha mbele. Kufikia Ijumaa Gunborg ndiye aliyekuwa bibi harusi wa filamu, na aliyekuwa bibi harusi amerudi kwao Uppsala kwa hasira.

Sasa sikilizeni, maana hapa ndipo habari yote ilipo. Kwao Tväråmyr mtu akikubali jambo, mara nyingi hasemi ndiyo. Huvuta hewa ndani kwa midomo iliyobanwa, fyuu moja fupi, kama anayeonja chai ya moto, na mambo yamekwisha. Kwa pumzi hiyo watu wameuziana misitu, wameoana, wamesameheana ugomvi wa mipaka uliorithiwa tangu kwa mababu. Ikafika siku ya kupiga picha za harusi katika kanisa la kujengwa studioni. Mchungaji wa filamu akamuuliza bibi harusi kama anamkubali mwanamume huyu awe mumewe. Gunborg akavuta hewa.

"Kata," akasema mwongozaji. "Umeshtuka nini, binti?"

"Sijashtuka. Nimeolewa."

"Umeolewa saa ngapi? Sisi tunasubiri jibu."

"Limeshapita."

Mafundi wa taa walicheka mpaka mjomba Evert akashikilia nguzo ya kanisa, na nguzo yenyewe ilikuwa ya mbao nyembamba, nusura kanisa zima liwaangukie. Mwongozaji hakucheka. Alielezwa ile pumzi ni nini, akaelewa, kisha akasema nchi nzima itamcheka bibi harusi anayeitika kama pampu ya baiskeli. Na si ndiyo tu, hata matamshi yake mengine yalikuwa ya msituni. Basi akaitwa mwigizaji mmoja wa Stockholm, akaingizwa chumba cha sauti, akasema maneno yote ya Gunborg upya, na ndiyo yake ikasikika safi kama kengele. Gunborg alisimama nyuma ya kioo akiutazama mdomo wake ukitoa sauti ya mtu mwingine. Mjomba alisema hakulia. Alikula tofaa lote, na mbegu zake.

Filamu ilipendwa kupita kiasi. Mama yake alipoiona alipiga simu kutoka kwa jirani. "Sura ni yako," alimwambia. "Mdomo wamekuazima kwa nani?" Na huku mjini mambo yalikuwa mabaya zaidi. Gunborg alikwenda kununua samaki, mwenye duka akamtazama sana, alipofungua mdomo kuagiza yule bwana akasikitika. "Samahani, dada, nilikufananisha. Mwenzio huongea vizuri."

Hapo Gunborg akakata shauri. Alijifunza Kiswidi cha Stockholm kama mtu anayejifunza kuteleza barafuni utu uzimani, kwa kuanguka na kuinuka. Alitembea kando ya mto na kizibo cha chupa mdomoni akisema majina ya vituo vya treni. Mwaka uliofuata hakuna aliyehitaji kumwazima sauti tena, na filamu zake zote zilizofuata, zaidi ya arobaini, alizisema mwenyewe, safi, kwa lugha ya watu wengine.

Tukasahau. Yeye hakusahau.

Kazi zake nani hazijui? Amekuwa malkia mara mbili, mtawa mara moja, mlevi mara nyingi kuliko mapenzi yake, na katika filamu ya baharini alikuwa nahodha, akamtukana mpiga makasia kwa ustadi hata yule kijana akaomba kazi melini kweli. Ana tuzo za ndani na za nje. Moja ya tuzo hizo huzuia mlango wa chumba chake cha kubadilishia nguo usijifunge na upepo, na sijapata kuona tuzo inayofanya kazi kuliko hiyo.

Alikuwa na kipawa cha kulia kwa jicho moja. Hili nalisema na nitaapa. Kabla ya kupiga picha alikuwa akiniuliza, "Torgny, leo kushoto au kulia?" Mimi nikitazama mahali taa yangu kubwa ilipo, nasema kulia. Chozi likashuka jicho la kulia, peke yake, likasimama shavuni pale pale nilipotaka mwanga uligonge. Wageni kutoka Ujerumani walikuja kujifunza mbinu hiyo, wakaondoka na mafua.

Kulikuwa na habari ya viatu pia. Tulijenga jiko la shambani ndani ya studio, sakafu ya ubao uliopakwa rangi, dari hakuna, juu ni taa zangu tu. Waziri mmoja akaja kutembelea na wapambe wake. Gunborg alikuwa jikoni mle akikariri. Akamtazama waziri miguuni.

"Kwenu mnaingia jikoni na viatu?"

"Lakini hili si jiko la kweli," akasema mpambe.

"Mimi ninaishi humu mpaka Alhamisi," Gunborg akasema.

Waziri akavua. Soksi yake ilikuwa na tundu, na wiki iliyofuata akaletewa soksi mpya ofisini kwake, zimefumwa kwa mkono. Sisi mafundi wa taa tunazijua soksi hizo. Hakuna baridi iliyowahi kuzipenya. Wakati mmoja tulipokuwa Jämtland, kwenye baridi ambayo ukisema neno linaanguka chini na kuvunjika, swala mmoja wa msituni, yule mkubwa mwenye pembe kama makoleo, alikuja kuota joto la taa yangu akagoma kuondoka. Mwongozaji alitaka afukuzwe. Gunborg akamkatia mkate wake wa siagi nusu kwa nusu, akasema, "Mwacheni, anajua mahali pake kuliko baadhi yetu." Yumo kwenye filamu. Wanaosema si kweli hawakuwepo.

Ilikuwa kwenye safari kama hizo, ndani ya gari la taa, nilipopata kujua anachokitaka. Wakubwa walikuwa na gari lao lenye viti vya ngozi, yeye alipanda letu kwa sababu ya harufu ya kahawa. Tulikuwa tumetoka kupiga picha za kifo cha malkia.

"Torgny, una sikio?"

"Ninayo mawili, Gunborg. Moja limechoshwa na jenereta."

"Basi nipe lile zima." Akajimiminia kahawa. "Nimecheka, nimelia, nimekufa mara ngapi sijui, na yote kwa sauti niliyojifunza njiani. Kabla sijaondoka nataka filamu moja niseme kama nilivyozaliwa. Hata kama ni neno moja."

"Neno gani?"

"Unalijua."

Nililijua. Sisi wa studio tulilisikia kila Alhamisi kwenye supu ya dengu, mpishi akimuuliza kama aongeze chapati za maji na jemu. Fyuu. Lakini mbele ya kamera, tangu harusi ile, hata mara moja.

Miaka ikapita, waongozaji wakapita. Kila mmoja alikubali kwa maneno, akakataa kwa vitendo. Hadi mwaka juzi alipokuja Disa Wingren, binti wa miaka thelathini na nne, mwembamba kama waya wa taa na mkaidi kama jenereta asubuhi. Akaandika *Jiko la Sara*. Sara ni bibi wa kaskazini ambaye binti yake alikimbilia kusini zamani, wakaachana kwa ubaya. Mwisho wa filamu binti anarudi, anasimama mlangoni na sanduku lake, anauliza, "Mama, nikae?" Mama anaitika. Basi, filamu imeisha. Disa aliandika jibu lile kwa jinsi watu wa Tväråmyr wanavyoitika, na Gunborg aliposoma alitia sahihi kabla hajaulizia malipo, jambo ambalo chama chetu cha wafanyakazi hakikulifurahia.

Mtayarishaji wetu, Claes Rask, ni mtu mwema na mzaliwa wa Malmö, kusini kabisa, na mambo hayo mawili huweza kukaa pamoja. Ila yeye ndiye anayeziuza filamu.

"Disa," akasema, "filamu nzima inasubiri jibu hilo. Nitawaambiaje wanunuzi kwamba jibu lenyewe ni bibi aliyevuta hewa kama ana jino bovu?"

"Waambie wasogeze viti karibu," akasema Gunborg.

"Gunborg, mimi nakupenda."

"Watu wa Malmö wakianza hivyo ujue kuna kitu kinauzwa."

Wakaafikiana hivi: Disa apige picha kama ilivyoandikwa. Isipogusa watu, litaingizwa neno ndiyo, neno zima. Na siku hizi, Rask akaeleza, hahitajiki hata mwigizaji wa Stockholm. Ipo mashine, inalishwa sauti ya Gunborg kutoka filamu zake za zamani, inasema ndiyo kwa sauti yake mwenyewe. Alidhani anampoza. Nilimwona Gunborg akitafuta tofaa mezani kwa macho.

Tukaenda Tväråmyr mwezi Februari mwaka jana, tukapiga kambi katika jiko la Hildur mwenyewe, dada mtu, maana hakukuwa na jiko linalofaa kuliko lile. Kijiji kilitukopesha kuni, malazi na barabara, kwa sharti moja: filamu ikikamilika, wao ndio wa kwanza kuiona. Mimi niliweka taa zangu nje ya dirisha kuigiza jua la asubuhi, na jua langu lilikuwa zuri kiasi kwamba theluji ya paa iliyeyuka na kuku wa jirani wakaanza kutaga.

Siku ya jibu ikafika. Msichana aliyeigiza binti akasimama mlangoni na sanduku, akauliza, "Mama, nikae?" Gunborg akavuta hewa.

Disa akaomba warudie. Wakarudia. Wakarudia tena. Mimi nilikuwa dirishani na taa yangu, nikaona kilichokuwa kibaya, na sikutaka kukiona. Ilikuwa pumzi nzuri, imepangwa vizuri, imewekwa mahali pake kama lile chozi la jicho moja. Kila mtu chumbani alijua. Aliyesema ni Hildur, aliyekuwa amekaa kwenye kreti la kuni.

"Huyo ni mtu wa Stockholm anawaigiza watu wa Tväråmyr," alisema. "Anaigiza vizuri. Ningemlipa."

Gunborg akainuka, akatoka nje bila koti. Nikachukua koti nikamfuata hadi kwenye banda la kuni.

"Limekufa, Torgny," akaniambia. "Mbele ya kamera nililiweka kabatini miaka hamsini. Leo nimelitoa, nimekuta nondo wamelila."

"Tupumzike, tunywe kahawa."

"Kahawa hairudishi ulimi." Akavaa koti. "Mwambie Rask alete mashine yake. Angalau yenyewe haioni haya."

Nikaanza kupanga kuni ambazo zilikuwa zimeshapangwa. Hildur akatufuata na viatu vya mpira.

"Wageni wamejaa jikoni kwangu nanyi mnaniachia mlango wazi. Gunborg, unafanya nini huku?"

"Nimesahau kusema ndiyo."

"Hujasahau. Hujaulizwa." Hildur akapangusa mikono kwenye aproni. "Yule mtoto wa mlangoni anauliza vizuri, lakini wewe unajua akimaliza anakwenda hotelini."

Gunborg akafunga vifungo vya koti hadi juu. Kisha akarudi ndani akamwambia Disa kwamba safari hii Hildur ndiye atakayeuliza, kutoka nyuma ya kamera. Msichana wa sanduku akampisha kwa moyo mweupe. Hildur akaketi kwenye kibao karibu na kamera.

"Nisome haya ya kwenye karatasi?"

"Uliza unavyoona, Hildur," akasema Disa.

Kamera ikawashwa. Hildur hakuharakisha. Alimtazama mdogo wake kama watu wa kule wanavyotazama anga kabla ya kuanika nyasi. Kisha akauliza, kwa sauti ya kawaida kabisa, sauti ya kuulizia chumvi:

"Umekuwa huko muda mrefu. Unarudi nyumbani sasa?"

Gunborg hakujiandaa, na ndiyo mara ya kwanza kumwona mbele ya kamera bila matayarisho. Uso ukawa kama wa mtu aliyeitwa kutoka chumba kingine. Halafu ikaja. Fyuu. Fupi, ndogo, haikupambwa.

Hakuna aliyesema kata. Hildur akainuka. "Basi nitakitandika kitanda cha juu," akasema, akaenda kutia kuni jikoni, akapita katikati ya picha na aproni yake.

Hivyo ndivyo Alkärr ilivyopata taarifa kwamba Gunborg Burvall anastaafu. Barua rasmi ilifuata baadaye, lakini sisi tuliokuwepo tulikuwa tumeshapata habari.

Kazi haikuishia hapo, maana Rask alisikiliza akasema ni nzuri, ila ni ndogo, itapotea, mashine ibaki karibu. Sharti la kijiji likiwa palepale, filamu ikaletwa Tväråmyr kabla sauti haijafungwa, ikiwa bado inaweza kubadilishwa. Rask akaona asipoteze safari: akawabeba na wanunuzi wawili kutoka Malmö, akawakalisha katikati ya ukumbi, yeye pembeni yao, ili asome nyuso zao jibu litakapofika. Alituambia wazi kwamba uso wa mnunuzi ndio utakaoamua. Gunborg alikaa safu ya nyuma na Hildur, mikono mapajani. Sijawahi kumwona mtu aliyetulia hivyo akiwa na hofu hivyo.

Ukumbi ulijaa. Wengi ni wazee, na hakuna mzee mle asiyekuwa na mtoto kusini, anayepiga simu Jumapili na kusema mwaka huu kazi ni nyingi. Walitazama kimya mwanzo hadi mwisho. Watu wa kule hawacheki kwa sauti, hulegeza koti kidogo tu. Ukafika mlango, likafika sanduku. "Mama, nikae?" Uso wa Gunborg ukajaa ukuta mzima, mwanga wangu shavuni. Akavuta ile pumzi yake ndogo.

Na ukumbi mzima ukavuta naye.

Hawakupanga. Mamia ya midomo kwa pamoja, fyuu moja, ikazima mishumaa iliyokuwa mezani, na pazia la skrini likasogea kutuelekea. Masikio yangu yaliziba kama nimepanda ndege. Mnunuzi mmoja, mama mwenye miwani, alishika mkono wa mzee asiyemjua aliyekaa kando yake, na hakuuachia taa zilipowashwa. Rask alikuwa amevuta hewa pia bila kujijua, ikampalia, akakohoa hadi mtu akamletea maji. Alipoweza kusema alimgeukia Disa.

"Iache," akasema. "Iache kama ilivyo."

Sehemu nyingine nilikopelekwa na filamu hii nimesikia hali hiyo hiyo. Huko Malmö kwenyewe, ambako watu huitika kwa sauti hata wakikataa, ukumbi ulivuta pumzi mahali pale pale. Hakuna aliyeulizia tafsiri.

Kwa niaba ya mafundi taa, mafundi sauti, wapishi, madereva, washonaji na hata wa ofisini, tunakushukuru, Gunborg, kwa soksi, kwa mikate uliyogawa, kwa viatu ulivyotuvua, na kwa miaka uliyotuazima. Kuni zako na ziwe kavu, majira yako ya joto na yawe marefu, na Hildur akupe nafasi ya kusema neno moja moja. Uishi salama na vizuri huko kwenu. Na mtu akikuuliza kama Alkärr tulikupenda, usihangaike kutafuta maneno. Mwitikie kama ulivyozaliwa.